Bernardo Sassetti na Muziki Unaoipisha Picha

Bernardo Sassetti alizaliwa Lisbon, mji mkuu wa Ureno, tarehe 24 Juni 1970. Ukoo wake ulikuwa na jina katika historia ya nchi, kwani yeye alikuwa kitukuu wa Sidónio Pais, rais aliyeuawa kwa risasi mwaka 1918. Siasa, hata hivyo, haikumvuta. Akiwa na umri wa miaka tisa alianza kujifunza piano, na mafunzo yake ya kwanza yalikuwa ya muziki wa kale wa Ulaya. Baadaye alisikia upigaji wa Mmarekani Bill Evans, akageukia jazi.

Mwaka 1987, akiwa bado kijana, alianza kupiga piano kama kazi. Miongoni mwa waliomfundisha jazi alikuwamo Horace Parlan. Mwalimu huyu aliugua polio utotoni, mkono wake wa kulia ukadhoofika, naye akajijengea namna ya kupiga sauti chache zenye uzito. Fundisho hilo tulikumbuke, maana litatufaa mbele.

Katika miaka ya 1990 Sassetti alifanya kazi London, katika kundi la mpiga tarumbeta Guy Barker. Kundi hilo ndilo lililomfikisha mbele ya kamera. Mwongozaji Anthony Minghella alikuwa akitengeneza *The Talented Mr. Ripley*, filamu ya 1999 inayosimulia maisha ya Italia katika miaka ya 1950, na alihitaji wanamuziki halisi wa jazi. Hivyo Sassetti alionekana kwenye filamu hiyo akiwa mpiga piano, yaani akiigiza kazi aliyoijua tangu ujana.

Karne ilipokuwa ikigeuka, alipewa jukumu la kutunga muziki wa *Maria do Mar*, filamu isiyo na sauti ya mwaka 1930. Mwongozaji wake, Leitão de Barros, aliipiga Nazaré, kijiji cha wavuvi. Kwa kuwa wahusika wa filamu ya namna hiyo hawasikiki, mtunzi hubeba mzigo wote wa sauti, na akijaza kila pengo huzifunika nyuso ambazo mtazamaji amekuja kuzitazama.

Kutoka hapo kazi zilifuatana haraka. Mwaka 2004 alitunga muziki wa *A Costa dos Murmúrios*, filamu ya Margarida Cardoso kuhusu Msumbiji wakati wa vita vya ukoloni. Mwaka 2005 ikafuata *Alice*, ya Marco Martins. Humo baba aliyepotelewa na binti yake hutega kamera mitaani Lisbon, kisha kila siku huzunguka njia zilezile akitumaini kumwona. Piano ya Sassetti nayo huenda polepole na kurudia njia yake, kama hatua za baba huyo. Mama wa mtoto aliigizwa na Beatriz Batarda, mke wa Sassetti.

Utulivu huo ulitoka wapi? Maelezo mawili yanawezekana. La kwanza ni jazi: Evans na Parlan walimfundisha kutopoteza sauti ovyo, na mafunzo hayo yalitangulia filamu zake zote. La pili ni picha yenyewe, kwani Sassetti alikuwa pia mpiga picha, mtu aliyezoea kungoja na kutazama. Mfuatano wa miaka unalipa nguvu la kwanza, lakini halitoshi peke yake. Jazi ilimpa uwezo wa kunyamaza, ila filamu ndiyo iliyompa sababu: sasa palikuwa na uso wa mtu mwingine wa kupishwa.

Tarehe 10 Mei 2012 alikuwa akipiga picha kwenye majabali ya Guincho, karibu na Cascais, akaanguka na kufariki. Alikuwa na umri wa miaka 41. Msomaji anayetaka kumfahamu na aanze na *Alice*, na asikilize hasa pale piano inaponyamaza.