Mchele wa harufu Kipushi: safari ndefu kutoka pwani hadi kambi za mgodi

KIPUSHI, Haut-Katanga. – Katika nyumba nyingi za Kipushi, chakula cha kila siku ni bukari. Mchele hungoja siku yake: arusi, Noeli, Idi, mgeni wa heshima, au mtoto aliyefaulu mtihani wa Taifa. Na siku hiyo haupikwi mweupe tu. Kitunguu hukaangwa mpaka kibadilike rangi, tangawizi na kitunguu saumu hufuata, halafu bizari nzima, iliki, karafuu na mdalasini. Kwenye mbabula ya pili kuna sufuria ya mchuzi wa kari, wa kuku au wa mbuzi. Majirani wanajua kuna shughuli kabla hawajaalikwa.

Ni rahisi kudhani kwamba chakula hiki kimeletwa juzi na wafanyabiashara wa Kihindi wenye maduka Lubumbashi. Kumbe kilianza safari zamani sana, na sehemu ya safari hiyo ni ya uchungu.

Mwanzo wake pwani

Mpunga wa Asia ulifika pwani ya Afrika Mashariki kwa vyombo vya baharini zaidi ya miaka 1,000 iliyopita. Wachunguzi wa mambo ya kale wamekuta punje zake zilizoungua katika vijiji vya kale vya Pemba na Komoro.

Mwaka 1331 msafiri wa Morocco, Ibn Battuta, alifika Mogadishu, akaandika alivyokaribishwa mezani. Aliletewa wali uliopikwa kwa samli katika sahani kubwa ya mbao, na juu yake mchuzi wa kuku, nyama, samaki na mboga. Kando palikuwa na ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, pamoja na achari ya ndimu na pilipili, tangawizi na maembe. Karibu miaka 700 imepita, na mpango wa sahani ni ule ule: wali wenye mafuta na harufu, na mchuzi wenye viungo wa kuushushia. Hata jina pilau lina asili ya Kiajemi, nalo lilienea kwa njia hizo hizo za bahari.

Nyangwe na Kasongo

Kuingia bara, mpunga ulifuata misafara ya pembe za ndovu na watumwa. Katikati ya karne ya 19 wafanyabiashara wa Zanzibar na wafuasi wao, walioitwa Waungwana, walivuka ziwa Tanganyika na kufika Maniema, kwenye mto Lualaba. Aliyejulikana kuliko wote ni Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip. Miji yao mikubwa ilikuwa Nyangwe na Kasongo.

Msafara wa mamia ya watu hauwezi kubeba chakula cha mwaka mzima. Kwa hiyo walipokaa walilima, na mpunga ulistawi vizuri katika bonde la Lualaba. Lakini jembe halikushikwa na matajiri. Mashamba yalilimwa na watumwa na watu wa vijiji vilivyotiishwa kwa bunduki. Tarehe 15 Julai 1871, David Livingstone akiwapo Nyangwe, watu wa wafanyabiashara hao walifyatua risasi sokoni, na mamia ya watu wakafa, wengi wao wanawake waliokuja kuuza na kununua. Mwenye kula pilau leo akikumbuka jambo hilo hakosei.

Majeshi ya Leopold wa Pili yalipouteka Kasongo mwezi wa Aprili 1893, daktari Mwingereza aliyekuwa nao, Sidney Hinde, aliandika kwamba walikuta maghala yamejaa mchele, kahawa na mahindi, na bustani zenye machungwa, mapera, makomamanga na maembe. Watawala wa mji waliondolewa. Mpunga ulibaki, na lugha ya Kiswahili pia ikabaki.

Wakulima wa Maniema, wachimbaji wa Katanga

Kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga iliundwa mwaka 1906. Reli kutoka kusini ikafika Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, mwaka 1910. Katika miaka ya 1920 mgodi wa Kipushi, ulioitwa Prince Léopold, ulianza kutoa madini. Wafanyakazi walitoka kila upande: Kasai, Lomami, Maniema, Ruanda-Urundi na Rhodesia ya Kaskazini. Kiswahili kikawa lugha ya kazi na ya kambi.

Kampuni iliwalisha kwa poso, chakula kilichogawiwa kwa kipimo. Nguzo ya poso ilikuwa unga wa mahindi, ambao hapo mwanzo ulikuja kwa reli kutoka kusini. Mahindi yalikuwa rahisi kununua kwa wingi, na bukari hujaza tumbo la mtu wa kazi nzito.

Wakati huo huo, sheria ya 1917 iliwalazimisha wanakijiji wa Kongo kulima mazao yaliyochaguliwa na serikali. Maniema walilazimishwa kulima mpunga na pamba, kwa bei waliyopangiwa. Aliyeshindwa alifungwa au kupigwa kiboko. Kwa mara ya pili mpunga ulilimwa kwa hofu.

Hapo ndipo sahani ya Kipushi ilipopata utaratibu wake wa leo. Bukari likawa chakula cha kazi, mchele ukawa chakula cha furaha. Watu wenye asili ya Maniema, wakiwemo wengi wa Waislamu wa Lubumbashi, waliendelea kupika pilau katika sherehe, na jirani Mluba, Mlamba au Mbemba akala, akauliza, akaiga.

Harufu inayopotea njiani

Kongo ilikuwa na ujuzi wa mpunga. Katika kituo cha utafiti cha Yangambi ilizaliwa mbegu ya OS6, iliyopandwa baadaye hata Nigeria. Lakini leo sehemu kubwa ya mchele wa madukani Katanga hutoka nje: Thailand, Vietnam, India, Pakistan na, kwa harufu nzuri ya Kyela na Mbeya, Tanzania.

Union Minière ilitaifishwa mwaka 1967, ikaja kuitwa Gécamines. Mgodi wa Kipushi ulisimama mwaka 1993, na kazi ikaondoka pamoja na poso. Uzalishaji ulirudi mwaka 2024. Miaka yote hiyo 30, mchele wa sherehe ulinunuliwa kwa kipimo kidogo, kwa bei inayofuata dola na barabara.

Wapishi wanajua jambo moja ambalo wataalamu wamelithibitisha: harufu ya mchele ni kitu chepesi kinachoruka, na hupungua mchele unapokaa ghalani miezi mingi. Ndiyo maana huoshwa haraka, huroweshwa kidogo, hufunikwa vizuri, na makala huwekwa juu ya kifuniko maji yanapokauka. Viungo husaidia kuficha uzee wa gunia lililosafiri mbali.

Mpunga wa Lualaba uko karibu kuliko ule wa Bangkok, ila barabara na reli za kuufikisha Katanga ni mbovu. Mara mbili Maniema ililima mpunga kwa kulazimishwa. Siku itakapoulima kwa hiari, kwa bei nzuri na njia ya kuufikisha sokoni, sufuria za Kipushi zitaonja mchele mpya uliotoka nyumbani.