Kutoka Jeshi la Khedive Hadi Makina

Wengi wetu wa Riruta Satellite tunaifahamu Makina, Kibera, kwa sababu ya soko la Toi. Tunanunua mitumba na kurudi zetu, huku nyuma ya soko wakiishi Wanubi, ambao historia yao inaanzia Misri.

Mwaka 1820 Muhammad Ali, mtawala wa Misri, alituma majeshi kuiteka Sudan. Alitaka dhahabu na watumwa wa kuwafanya askari. Vijana wa kusini walikamatwa, wakasilimishwa, wakavishwa sare. Kuwa na dini moja na mtawala hakukuwapa sauti yoyote. Warithi wa Muhammad Ali, waliobeba cheo cha khedive, walibanwa na madeni ya Ulaya hadi Waingereza wakaikalia Misri mwaka 1882.

Khartoum ilipoangukia mikononi mwa Mahdi, kiongozi wa uasi wa Sudan, Januari 1885, kikosi cha Misri huko Equatoria, jimbo la kusini, kilikatiwa njia. Gavana wake, Emin Pasha, Mjerumani, aliondoka na mvumbuzi Stanley mwaka 1889. Askari wengi walibaki karibu na Ziwa Albert chini ya Selim Bey. Lugard, afisa Mwingereza, aliwafikia mwaka 1891 akitafuta watu wa kulinda ngome za kampuni ya Waingereza huko Uganda. Selim alisimama kidete: yeye ni askari wa khedive, hatumikii bendera nyingine bila idhini yake. Lugard akaahidi kuiomba, na kwa sharti hilo Selim akakubali.

Uaminifu huo haukumsaidia. Mwaka 1893 Macdonald, afisa mwingine Mwingereza, alimshuku kwamba angeungana na Waislamu wa ufalme wa Buganda, akamkamata na kumhukumu uhamisho. Alifia Naivasha, mgonjwa, akisafirishwa kwenda pwani. Mimi naona hapo ndipo mkataba ulipovunjwa: Waingereza waliitaka bunduki ya Mwislamu huyu, lakini neno lake liliwatia hofu.

Wenzake, walioitwa Wanubi, waliingizwa King's African Rifles, jeshi la kikoloni la Waingereza lililoundwa mwaka 1902. Wastaafu walipewa makazi Kibera, na mwaka 1918 ekari 4,197 zikatangazwa rasmi kuwa ardhi ya jeshi. Aliyetumikia miaka 12 alipata pasi ya kuishi na kulima bila kodi. Pasi haikuwa hati miliki. Kwa kuwa Wanubi hawakuhesabiwa kuwa wenyeji, hawakutengewa ardhi ya kabila, na Tume ya Carter, tume ya ardhi ya kikoloni, ikaamua miaka ya 1930 kwamba wako Kibera kwa ridhaa ya serikali tu.

Uhuru ulikuja, msimamo ukabaki. Mwaka 2011 kamati ya Umoja wa Afrika ya haki za watoto iliamua kwamba Kenya imevunja haki ya watoto wa Kinubi ya kuwa na uraia. Mwaka 2017 jamii ilipata hati ya pamoja ya ekari 288, chini ya sehemu ya kumi ya ardhi ya awali. Hata baada ya hati hiyo, kijana wa Makina aliyeomba kitambulisho aliitwa mbele ya kamati ya kumhakiki na kudaiwa karatasi za babu yake, babu yule yule aliyepigania dola iliyomnyima karatasi hizo.