Waridi Lililokatazwa: Zsuzsa Koncz na Suala la Mwenye Wimbo

Makala haya yanamhusu Zsuzsa Koncz, mwimbaji wa Hungaria aliyepanda jukwaani akiwa binti mdogo mwanzoni mwa miaka ya 60 na ambaye aliendelea kuimba kwa zaidi ya nusu karne. Najua baadhi ya wenzangu wameshaanza kucheka. Mwimbaji wa pop, tena wa Ulaya ya Mashariki, anatafuta nini katika jarida la uhakiki wa fasihi? Jibu langu ni fupi. Mwaka 1973 dola ya Hungaria iliiondoa madukani santuri yake nzima, na kisa kinachotajwa kuliko vyote ni shairi moja la beti tano. Kama wakubwa wa nchi wameweza kuliogopa shairi, basi na sisi tuna haki ya kulisoma.

Ninao ugomvi mwingine pia, na huu ndio hasa ulionifanya nishike kalamu. Katika semina zetu tumezoea kusema kwamba mtunzi ni yule aliyeandika maneno. Mwimbaji kwetu ni kama kipaza sauti: maneno yanapita ndani yake na kutoka jinsi yalivyoingia. Ndiyo maana tukichambua wimbo tunaunakili kwenye karatasi, tunaupa vina na mizani, halafu sauti tunaitupa. Nadhani historia ya Koncz inatuonyesha kwamba utaratibu huo una kasoro kubwa.

Alizaliwa mwaka 1946 katika kijiji cha Pély, mashariki mwa Budapest. (Wahungaria hutanguliza jina la ukoo, kwa hiyo kwao yeye ni Koncz Zsuzsa.) Alipokuwa na umri wa miaka kumi, vifaru vya Kisovieti viliingia Budapest, tarehe 4 Novemba 1956, kuyazima maasi yaliyokuwa yameanza Oktoba. Waziri mkuu wa maasi hayo, Imre Nagy, alinyongwa mwaka 1958. Aliyeshika madaraka, János Kádár, aliiongoza nchi hadi 1988, na kwa muda wote huo mwaka 1956 ulikuwa na jina moja tu rasmi: mapinduzi ya maadui wa umma. Hapakuwa na mtu wa kuuliza hadharani vile vifaru vilikuwa vya nani na vilimkanyaga nani. Msomaji na aliweke hili akilini, tutalirudia.

Mwaka 1962 Koncz alionekana kwenye televisheni katika shindano la vipaji lililoitwa Ki mit tud?, akiimba na rafiki yake. Miaka minne baadaye alikuwamo katika tamasha la kwanza la nyimbo za dansi lililorushwa na televisheni ya taifa, na mwaka 1967 alionekana katika filamu ya muziki ya Ezek a fiatalok, yaani Vijana Hawa. Magitaa ya umeme yalikuwa yameshafika Budapest, na vijana walikuwa wamepagawa. Bendi tatu zilitamba: Illés, Omega na Metro. Koncz aliimba na zaidi ya moja, lakini undugu wake wa kweli ulikuwa na Illés, kwa sababu humo mlikuwa na Levente Szörényi aliyetunga muziki na János Bródy aliyeandika maneno. Santuri yake kubwa ya kwanza ilitoka mwaka 1969. Jina lake ni Volt egyszer egy lány, "Hapo zamani palikuwa na msichana". Ni jina la hadithi ya kusimuliwa watoto, na mtu asidanganyike: huyu dada alijua mapema kwamba katika nchi ile mlango wa watoto ndio uliokuwa haulindwi sana.

Hapa lazima nieleze kidogo jinsi utamaduni ulivyoendeshwa, maana bila hivyo hatutaelewa kitu. Bwana mkubwa wa utamaduni katika chama alikuwa György Aczél. Siasa yake iliitwa siasa ya T tatu, kwa sababu maneno matatu ya Kihungaria yanaanza na herufi hiyo. Kwa bahati Kiswahili kinatupa K tatu: kukuzwa, kuvumiliwa, kukatazwa. Kazi iliyoisifu itikadi ilikuzwa kwa fedha za umma. Kazi iliyokaa kimya ilivumiliwa. Kazi iliyogusa mambo yasiyoguswa ilikatazwa. Ujanja wa mfumo huu ni kwamba mipaka haikuandikwa popote. Hapakuwa na ofisi yenye kibao mlangoni kinachosema Udhibiti. Mhariri, mkurugenzi, mtu wa redio, kila mmoja alipaswa kukisia mwenyewe, na akikosea anaulizwa yeye. Kwa upande wa santuri mambo yalikuwa rahisi zaidi, kwani kampuni ya kutoa santuri ilikuwa moja tu nchi nzima, nayo ni ya dola. Ukikataliwa hapo huna pa kwenda.

Illés walishaonja adabu hiyo. Mwaka 1970 walikwenda Uingereza, wakazungumza na BBC kwa uwazi uliowakera wakubwa nyumbani, na waliporudi wakafungiwa kwa muda wasipige muziki katika mji mkuu. Kwa hiyo Koncz alipoingia studio na watu hawa kurekodi Jelbeszéd, kila mtu mle ndani alijua bei yake. Hata jina lina uchokozi: Jelbeszéd ni "lugha ya ishara", lugha ya watu wasioweza kutumia sauti.

Shairi lenyewe linaitwa Ha én rózsa volnék, yaani Kama ningekuwa waridi. Sitalinukuu, nategemea tafsiri, na tafsiri ya wimbo ni kama chai ya jana. Muundo wake lakini unaonekana wazi hata kwa mgeni. Kila ubeti unaanza na sharti lilelile, kama ningekuwa kitu fulani, halafu msemaji anaeleza angekuwa wa namna gani. Anaanza na waridi. Kisha anakuwa lango lisilomhoji mgeni. Kisha dirisha kubwa la kuionyesha dunia nzima. Kisha barabara safi, na hapo ndipo vifaru vinapotokea na kupita juu yake. Mwisho anakuwa bendera, bendera isiyokubali kuchezewa na kila upepo unaovuma.

Wengi waliozungumzia wimbo huu hukimbilia ubeti wa barabara. Ni kweli, vifaru juu ya barabara, Budapest, mwaka 1973: nani asingekumbuka 1956? Na 1968 pia ilikuwa karibu, pale majeshi ya Mkataba wa Warszawa, ya Hungaria yakiwemo, yalipoivamia Chekoslovakia. Lakini mimi naona kukaa kwenye ubeti huo peke yake ni kusoma kama polisi. Uzuri uko kwenye mwendo. Tazama: bustani, ua wa nyumba, nyumba, mtaa, taifa. Msemaji anatoka ndani kwenda nje hatua kwa hatua, na hakuna hatua hata moja inayopiga kelele. Ukishakubali kwamba ua lina haki ya kusema lingependa kuwa vipi, umeshakubali bila kujua kwamba barabara nayo ina haki hiyo, na bendera pia. Tashihisi, ambayo vitabu vyetu vya kidato cha tatu huifundisha kama pambo, hapa ndiyo hoja yenyewe.

Sasa turudi kwenye ugomvi wangu. Maneno ni ya Bródy, mwanamume. Je, yule "mimi" wa kwenye wimbo ni nani? Katika mashairi ya mapenzi ya Ulaya, na si ya Ulaya tu, waridi ni mwanamke anayesemwa. Mshairi humsifu, humlilia, humchuma. Waridi lenyewe halisemi. Akisimama mwanamke mbele ya kipaza sauti na kusema "kama ningekuwa waridi", msikilizaji anajiweka tayari kwa wimbo wa mapenzi. Anategea sikio lililolegea. Na Koncz anaimba bila kulia, kwa sauti nyeupe, kila neno likisikika hadi silabi ya mwisho. Yale yale maneno Bródy mwenyewe ameyaimba jukwaani. Akiyaimba yeye, mwanamume mwenye gitaa, unajua tokea ubeti wa kwanza kwamba hii ni siasa. Mtego haupo tena. Kwa hiyo nasema kwamba nusu ya maana ya shairi hili haikuandikwa na Bródy. Iliandikwa na koo la Koncz.

Ushahidi wangu mkubwa ni wadhibiti wenyewe, ambao kwa kweli walikuwa wahakiki wazuri kuliko sisi. Fikiria mpangilio wa mambo. Santuri ilirekodiwa katika studio ya dola, ikachapwa katika kiwanda cha dola, ikapelekwa katika maduka ya dola. Macho yote yaliyopaswa kuyaona maneno yalikuwa na nafasi ya kuyaona. Kelele zilianza ilipofika masikioni mwa watu. Ndipo ikaondolewa na nakala zilizobaki zikaharibiwa. Mwenzangu mmoja niliyemsomea rasimu alinibishia, akasema huo ni uzembe wa ofisi tu, mkubwa mmoja alichelewa kusoma. Inawezekana! Hata hivyo hata mkubwa aliyechelewa alikasirikia kitu kinachoimbwa, na kilichosagwa ni santuri.

Kilichofuata ndicho kinachonivutia zaidi katika maisha yake ya kazi, ingawa hakisimuliwi sana kwa sababu hakina vifaru. Illés ilivunjika mwaka huohuo wa 1973. Szörényi na Bródy wakaunda bendi nyingine, Fonográf, na Koncz akaendelea nao. Lakini mwanamke aliyetoka kusagiwa santuri ataimba nini? Mwaka 1974 alitoa Gyerekjátékok, "Michezo ya Watoto". Mwaka 1975 akatoa Kertész leszek, "Nitakuwa mtunza bustani", na jina hilo ni la shairi la Attila József.

Hapo naona akili ya hali ya juu. József, aliyezaliwa mwaka 1905 na kufa chini ya treni mwaka 1937, alikuwa mtoto wa dobi, na dola ya Kádár ilimtukuza kama mshairi mkuu wa tabaka la wafanyakazi. Alifundishwa mashuleni. Nani angethubutu kumkataza? Na bado huyu ndiye yule József ambaye mwaka 1925 profesa wa Chuo Kikuu cha Szeged, Antal Horger, alimwambia hatakuwa mwalimu kamwe kwa sababu ya shairi alilolichapisha gazetini. Kila Mhungaria aliyesoma anakijua kisa hicho, kwa sababu József mwenyewe alikitungia shairi kali la kejeli mwaka wa kifo chake. Kwa hiyo Koncz alipojificha nyuma ya József alijificha nyuma ya mtu aliyepata kukatazwa. Aliyenyang'anywa waridi sasa anasema atakuwa mtunza bustani. Mwaka huohuo ikatoka Ne vágj ki minden fát, "Usiikate miti yote". Mtu akiandika majina ya santuri hizi nne kwa mfuatano, lugha ya ishara, michezo ya watoto, mtunza bustani, miti, amepata simulizi ambalo hakuna mhariri aliyelipitisha.

Wapo watakaosema kwamba dada huyu alikuwa na maisha mazuri. Aliimba kwa Kijerumani Ujerumani Mashariki na santuri zake zikauzwa huko, hakufungwa jela, baadaye alipewa tuzo ya Kossuth, ambayo ni tuzo ya juu ya nchi yake. Basi upinzani wake uko wapi? Mimi sitaki kumfanya shujaa wa kuchongwa sanamu. Sehemu kubwa ya kazi yake ilikaa katika ile K ya katikati, kuvumiliwa, na mtu anayevumiliwa hujipima kila siku. Baadhi ya nyimbo zake ni za kawaida kabisa, za kupigwa redioni mchana na kusahauliwa jioni. Lakini sisi tunaosoma fasihi tumezoea waandishi wa aina mbili tu, wa jela na wa ikulu, na kwa mazoea hayo tunawapoteza wengi waliofanya kazi chini ya macho ya mhariri mwenye wasiwasi. Huko ndiko sanaa nyingi ya Ulaya ya Mashariki ilikotokea, na pengine si huko tu.

Jelbeszéd ilitolewa tena mwaka 1983, Kádár akiwa bado madarakani na Aczél bado akiwa na sauti katika chama. Sauti ya Koncz ilikuwa ileile ya miaka kumi nyuma, magitaa yaleyale, waridi, lango, dirisha, barabara, bendera. Nakala zilizowahi kununuliwa mwaka 1973 zilikuwa zimebaki majumbani mwa watu, kwa hiyo walioinunua mpya hawakuwa wanausikia wimbo kwa mara ya kwanza. Safari hii ubeti wa waridi haukuweza tena kumlegeza mtu sikio. Walishajua kifaru kinakuja.