Gianfranco Rosi: Mwongozaji wa Filamu Anayetufundisha Kumtazama Jirani

Gianfranco Rosi ni mwongozaji wa filamu za hali halisi, raia wa Italia aliyezaliwa Asmara, Eritrea. Katika ujana wake aliihama nchi hiyo wakati wa vita vya kupigania uhuru. Mwaka 2013 filamu yake Sacro GRA ilitunukiwa Simba wa Dhahabu mjini Venezia, na kuwa filamu ya kwanza ya hali halisi kupata tuzo hiyo.

Waamini wengi, hata hivyo, watamfahamu zaidi kwa Fuocoammare, yaani “Moto Baharini”, iliyotwaa Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka 2016. Inahusu Lampedusa, kisiwa cha Italia kilicho karibu na Afrika. Hapo ndipo Hayati Baba Mtakatifu Francisko alipofanya hija yake ya kwanza nje ya Roma, tarehe 8 Julai 2013, akatupa shada la maua baharini kuwaombea marehemu na kukemea utandawazi wa kutojali. Miezi mitatu baadaye, tarehe 3 Oktoba, watu zaidi ya 360 walikufa maji karibu na kisiwa hicho. Wengi wao walikuwa Waeritrea, watu wa nchi alikozaliwa Rosi.

Rosi aliishi kisiwani zaidi ya mwaka mmoja, akishika kamera mwenyewe. Hatoi hotuba wala hamwoni mhamiaji kama tarakimu. Anamfuata daktari Pietro Bartolo, anayempima mama mjamzito aliyeokolewa baharini na kuwatafuta pacha tumboni mwake kwa subira. Anamfuata pia mtoto Samuele, mwenye jicho moja vivu. Jicho lake zima linazibwa ili lile vivu lilazimike kuona. Maisha ya mtoto huyo na ya wahamiaji hayakutani, ingawa wako katika kisiwa kimoja.

Tunaliona hapo fundisho kwetu. Kaini aliulizwa aliko ndugu yake. Kuhani na Mlawi walimwona majeruhi wakapita kando. Kasoro haikuwa katika macho yao, bali katika moyo usiotaka kusimama. Sisi nasi husikia habari za waliozama, tukasikitika kidogo, kisha tukaendelea na shughuli zetu.

Katika ujumbe wake wa Siku ya Upashanaji Habari Ulimwenguni mwaka 2020, Papa Francisko aliyatafakari masimulizi na nafasi yake katika maisha ya mwanadamu. Mwaka 2022 Rosi alitoa In Viaggio, filamu kuhusu safari za Papa huyo duniani.

Tunazialika Jumuiya Ndogondogo za Kikristo zijiulize: ni nani anayeishi mtaa mmoja nasi, lakini hatujawahi kumwuliza jina lake wala kumsikiliza akisimulia safari yake? Yesu alijitambulisha na mgeni. Kumkaribisha huanza kwa kukubali kumwona.