Frida Kahlo

Frida Kahlo (jina kamili: Magdalena Carmen Frida Kahlo y Calderón, Coyoacán, 6 Julai 1907 – Coyoacán, 13 Julai 1954) alikuwa mchoraji wa Meksiko. Hakusoma chuo cha sanaa, bali kwa sehemu kubwa alijifunza mwenyewe. Anajulikana hasa kwa picha alizojichora mwenyewe, ambazo ni takriban theluthi moja ya michoro yake.

Maisha

Baba yake, Guillermo Kahlo, alikuwa mpigapicha mzaliwa wa Ujerumani. Frida alimsaidia kazini, akajifunza kurekebisha picha kwa brashi ndogo. Akiwa na umri wa miaka 6 aliugua polio, na mguu wake wa kulia ukabaki mwembamba. Baadaye alikusudia kusomea udaktari.

Tarehe 17 Septemba 1925 basi alilopanda liligongana na tramu. Alivunjika uti wa mgongo, nyonga na mguu. Alipokuwa amelala kitandani, mama yake aliagiza atengenezewe ubao wa kuchorea, na kioo kikafungwa juu ya kitanda. Hivyo mtu aliyeweza kumtazama na kumchora kila siku alikuwa yeye mwenyewe.

Mwaka 1929 aliolewa na mchoraji Diego Rivera. Waliachana mwaka 1939, wakaoana tena mwaka 1940.

Namna yake ya kuchora

Katika picha nyingi uso wa Kahlo umetulia na macho yanamkabili mtazamaji. Hata pale anapotoa machozi, uso haujikunji. Maumivu huonyeshwa na vitu vingine: mwili, mavazi, wanyama na mimea inayomzunguka. Kwa njia hiyo picha ya mtu haielezi sura yake tu, bali pia yale yasiyoonekana usoni.

Katika "Frida Wawili" (1939), uliochorwa wakati wa talaka, wanawake wawili wameshikana mikono. Mmoja amevaa gauni la Kizungu, mwingine vazi la Tehuantepec. Mioyo yao iko wazi na imeunganishwa na mshipa mmoja wa damu. Katika "Nguzo Iliyovunjika" (1944), nguzo yenye nyufa imechukua nafasi ya uti wa mgongo, na misumari imechoma mwili wote.

Baadhi ya michoro yake ni midogo, juu ya bati, kama picha za nadhiri ambazo Wakatoliki wa Meksiko hutoa kanisani wakishukuru kwa kuokolewa. Lakini katika picha zake mara nyingi hakuna mtakatifu anayeleta msaada.

Mwandishi Mfaransa André Breton alimhesabu kati ya wasurealisti, wasanii waliochora mambo ya ndotoni. Kahlo alikataa, akisema alichora maisha yake halisi.

Urithi

Mwaka 1953, wakati wa maonyesho yake ya kwanza ya peke yake nchini Meksiko, alihudhuria akiwa kitandani. Nyumba yake ya Coyoacán, iitwayo Nyumba ya Buluu, ni makumbusho tangu mwaka 1958.