Fire Emblem na mpaka uliohamia kwingine

Tarehe 4 Desemba 2020, Nintendo iliuza nje ya Japani, kwa mara ya kwanza na kwa Kiingereza, gemu iliyokuwa imetimiza miaka 30. Ilikuwa Fire Emblem ya kwanza kabisa, kazi ya studio ya Intelligent Systems iliyobuniwa na Shouzou Kaga, ambayo Wajapani walikuwa wakiicheza kwenye mashine ya Famicom tangu Aprili 1990. Bei yake kwenye duka la Switch ilikuwa dola 5.99. Mashabiki wa Marekani waliotaka kitu cha kushika mkononi waliwekewa kisanduku cha dola 49.99 chenye mfano wa kaseti ya zamani; kaseti hiyo ilikuwa pambo la mezani lisiloingia kwenye mashine yoyote, na gemu yenyewe ilikuja kama msimbo wa kupakulia. Kampuni ilitangaza tangu mwanzo kwamba mauzo yangefungwa tarehe 31 Machi 2021, na siku ilipofika yakafungwa kweli. Aliyenunua anaweza kuipakua tena. Asiyenunua hana duka la kumuuzia. Sasa, gemu ya kidijitali haisafirishwi kwa meli, haiozi ghalani wala haigombei nafasi kwenye rafu. Iliwezaje kwisha sokoni kama embe za msimu?

Simulizi iliyozoeleka kuhusu gemu za mkakati za Kijapani ni kwamba zamani zilifungiwa nchini mwao kwa kaseti na mashine zisizokubali bidhaa za ng'ambo, kisha intaneti ikaja ikavunja ukuta. Sehemu ya kwanza ni kweli. Ya pili ni nusu ya kweli, na nusu iliyobaki ndiyo inayonishughulisha hapa. Ukuta haukuvunjwa. Ulihamishwa kutoka kwenye plastiki ukapelekwa kwenye lugha, kwenye orodha ya duka na kwenye kalenda ya muuzaji, na huko umekuwa mgumu zaidi kuuona, kwa sababu hauna umbo.

Tuanze na gemu zenyewe. Hizi ni gemu ambazo mchezaji huongoza kikosi kidogo kwenye uwanja uliogawanywa kwa miraba, akisogeza mtu mmoja mmoja kwa zamu. Kila mpiganaji ana jina, silaha na kisa chake, na nguvu zake hukua kadiri anavyopigana. Katika Fire Emblem ya 1990 mtu akifa vitani kwa kawaida ndiyo basi. Mfalme mtarajiwa Marth husonga mbele bila yeye. Uzito wa pigo hilo unatokana na maneno, yaani kumjua marehemu alikuwa nani, alimpenda nani na aliapa nini. Mtu asiyesoma Kijapani anaweza kurukaruka na gemu ya Mario bila kuelewa neno hata moja, lakini gemu ya aina hii bila lugha hubaki miraba na tarakimu. Kwa hiyo hata mfanyabiashara jasiri aliyeagiza kaseti kutoka Tokyo katika miaka ya 1990 hakuwa ameleta gemu nzima.

Jambo linalosahaulika ni kwamba Fire Emblem ilianza kusambazwa bila kaseti mpya za dukani mapema sana. Mwaka 1997 vipindi vinne vilivyoitwa Akaneia Senki vilirushwa kwa setilaiti kupitia huduma ya Satellaview ya Super Famicom. Gemu ilipokelewa nyumbani, na sauti za waigizaji zilirushwa katika saa iliyopangwa. Ukikosa saa, umekosa sauti. Miaka miwili baadaye Thracia 776 ilitoka kwanza kupitia huduma ya Nintendo Power, ambapo mteja alikwenda duka la Lawson na kaseti inayofutika akaandikiwa gemu humo, kabla ya kaseti ya kawaida kuuzwa mwaka 2000. Ukitazama vizuri, mambo tunayoyalalamikia leo yalikuwepo tayari: gemu isiyo na umbo lake, mlango wenye saa ya kufunguliwa, na huduma inayozimwa kampuni ikichoka nayo. Satellaview ilizimwa mwaka 2000. Vipindi vile vinne viliundwa upya ndani ya gemu ya Nintendo DS ya mwaka 2010, nayo ikauzwa Japani peke yake. Udijitali, basi, haukuja na ahadi ya kuvuka bahari. Ahadi hiyo tuliibandika sisi baadaye.

Magharibi iliijua Fire Emblem kwa mlango wa uani. Mwaka 2001 Marth na Roy waliwekwa miongoni mwa wapiganaji wa Super Smash Bros. Melee, wakazungumza Kijapani hata katika matoleo ya Marekani na Ulaya, na watu wakaanza kuuliza hawa ni nani. Gemu ya kwanza ya mfululizo kuuzwa Marekani ilifika Novemba 2003, na kwa mpangilio wa Japani ilikuwa ya saba. Kisha likaja duka la Virtual Console kwenye Wii, mwishoni mwa 2006. Hapo ndipo nadharia ya ukuta kuvunjika ilipaswa kuthibitishwa, kwa kuwa faili zilikuwepo na mtandao ulikuwepo. Gemu za Fire Emblem za Super Famicom zilirudi, lakini kwa Wajapani. Hata mashine ndogo ya kumbukumbu ya Super Famicom iliyouzwa mwaka 2017 ilikuwa na nyuso mbili: ya Japani na ya Marekani zote zilikuwa na gemu 21, ila Monshō no Nazo, Fire Emblem ya 1994, ilikuwa ndani ya ile ya Japani tu. Hakuna aliyezuiwa na umbo la kaseti hapo. Kilichozuia ni orodha.

Kuna pingamizi la haki, nalo lina ushahidi wake. Tazama Ulaya. Final Fantasy Tactics, ambayo Yasumi Matsuno aliiongoza ndani ya Square, ilitoka Japani Juni 1997 na Marekani Januari 1998, lakini toleo lile la PlayStation halikuuzwa Ulaya kabisa. Tactics Ogre ya studio ya Quest, iliyozaliwa kwenye Super Famicom Oktoba 1995, ilipata Kiingereza Marekani mwaka 1998, na Ulaya ikasubiri hadi toleo la PSP la mwaka 2011. Leo hali ni nyingine. Tactics Ogre: Reborn ilifunguliwa duniani tarehe 11 Novemba 2022, Japani na Magharibi pamoja, na Final Fantasy Tactics: The Ivalice Chronicles ikafuata tarehe 30 Septemba 2025. Mzungu wa Lyon au Hamburg aliyengoja zaidi ya muongo mmoja sasa hangoji hata saa. Basi si kweli kwamba ukuta umeanguka?

Kwa gemu hizo mbili, ndiyo, na sina sababu ya kulikunjia uso jambo jema. Lakini angalia kilichoziangusha zile kuta: si waya wa intaneti, ni uamuzi wa Square Enix kulipia kazi ya maneno. Tafsiri ya Tactics Ogre ya PSP iliandikwa na Alexander O. Smith na Joseph Reeder, huyu wa pili akiwa mmoja wa walioiandika upya Final Fantasy Tactics mwaka 2007, na ni juu ya kazi hiyo matoleo ya karibuni yamesimama. Penye fedha kama hizo, gemu ilivuka, pasipo, ilikaa. Front Mission 2 ya mwaka 1997 ilipata Kiingereza rasmi Oktoba 2023. Shining Force III ya Sega ni kisa cha kusikitisha zaidi. Ilitolewa kwenye Saturn kwa sehemu tatu zilizofungamana, kuanzia Desemba 1997 hadi 1998, maamuzi ya sehemu moja yakibadili mambo katika nyingine. Magharibi iliuziwa sehemu ya kwanza tu kwa sababu Saturn ilikuwa inakufa huko. Kilichobaki kilitafsiriwa na mashabiki kwa kujitolea, kwa miaka mingi, na Sega haijawahi kuitoa tena gemu hiyo popote.

Mtetezi wa kampuni atasema kwamba nimejijibu mwenyewe. Tafsiri ni ghali, wanunuzi wa gemu za kale ni wachache, na kampuni si shirika la hisani. Hoja hii inaeleza vizuri kwa nini Fire Emblem ya 1990 haikuvuka kwa miaka 30. Haielezi hata kidogo kwa nini iliondolewa baada ya miezi minne. Kufikia Desemba 2020 gharama ilikuwa imeshalipwa, maneno yameshaandikwa, faili iko kwenye seva. Kuendelea kuiuza kungegharimu karibu na bure. Nintendo iliweka tarehe hiyo hiyo ya 31 Machi 2021 kwa mkusanyiko wa Super Mario 3D All-Stars pia, na mtu hahitaji kuwa mchumi kuona kwamba uhaba ule ulitengenezwa ili kumharakisha mnunuzi. Hiyo ni haki yao kisheria. Ila tusiuite hali ya asili ya soko, kwa sababu si maumbile, ni tangazo.

Na tarehe hizo zimezidi. Duka la Wii lilifungwa Januari 2019. La 3DS na Wii U lilifungwa Machi 2023. Sony ilitangaza mwaka 2021 kwamba ingefunga maduka ya PS3 na Vita, ikabadili mawazo mwezi uliofuata baada ya wateja kupiga kelele. Desemba 2024 Sega iliondoa sokoni mkusanyiko wake wa gemu za Mega Drive, Shining Force ya kwanza na ya pili zikiwa humo. Anayezitaka sasa ajiunge na huduma ya Nintendo ya kulipia ada, azicheze kadiri anavyoendelea kulipa. Utafiti wa Video Game History Foundation wa mwaka 2023 ulikuta kwamba asilimia 87 ya gemu zilizotolewa Marekani kabla ya 2010 hazipatikani tena kwa njia ya kawaida ya biashara. Kaseti ya zamani ilikuwa na ubishi wake, lakini ikishafika nyumbani kwa mtu hakuna ofisi iliyoweza kuiweka tarehe ya mwisho. Unaweza kumuuzia jirani. Gemu ya kupakua humuuzii mtu.

Afrika Mashariki inaingia hapa kwa njia ya kando, kama mteja ambaye hajaandikwa kwenye daftari. Mtandao wa PlayStation una duka la Oman, kwa hiyo Mswahili wa Muscat hufungua akaunti ya nchi anayoishi. Binamu yake wa Mombasa au Dar es Salaam hana nchi ya kuchagua kwenye orodha ile, na kawaida hujiandikisha kama mkazi wa kwingine, jambo ambalo masharti ya huduma hayalipendi. Mei 2024, Sony ilipotaka wachezaji wa kompyuta wa Helldivers 2 wawe na akaunti hiyo, gemu iliondolewa kwenye duka la Steam katika nchi zaidi ya 170, nyingi za Afrika zikiwamo, kwa sababu ya orodha ile ile. Hata sharti lenyewe lilipofutwa, nchi hizo hazikurudishiwa gemu papo hapo. Mahali ambapo gemu za mkakati za kale zimefika kwetu bila maswali mengi ni kwenye simu: The War of the Lions, lile toleo la 2007 la Final Fantasy Tactics, imekuwa ikiuzwa kwa simu za Android tangu 2015.

Lipo pingamizi la upande wa pili, la wale wanaosema hawana haja ya matoleo rasmi maana kila kitu kiko mtandaoni, kimenakiliwa na kutafsiriwa na wapenzi wake. Siwezi kuwadharau. Kazuto Maehiro, mwongozaji wa The Ivalice Chronicles, alieleza mwaka 2025 kwamba msimbo chanzo na data kuu za gemu ya 1997 hazikuwepo tena. Enzi hizo, walipoandaa lugha nyingine, waliandika juu ya data ya Kijapani. Safari ya kwenda ng'ambo ndiyo iliyofuta asili. Timu ililazimika kuijenga upya kwa kuchambua matoleo yaliyopo, na kurasa za mashabiki zilizohifadhi takwimu za gemu zikawasaidia. Lakini nakala za mashabiki huishi gizani, huweza kuondolewa kwa barua moja ya wakili, na toleo rasmi nalo huchagua linachokumbuka: lile la 2025 liliacha nje maudhui yaliyoongezwa mwaka 2007.

Njia ya tatu ingekuwa maktaba. Wahifadhi wa Marekani waliomba ruhusa ya kuwafungulia watafiti, wakiwa mbali, gemu ambazo hazipo sokoni. Oktoba 2024 Ofisi ya Hakimiliki ya nchi hiyo ilikataa, baada ya chama cha kampuni za gemu kupinga kwa hoja kwamba watu wangezicheza kwa burudani na kuharibu soko la matoleo mapya. Hoja hiyo ina nguvu kwa Tactics Ogre, ambayo iko dukani kwa bei inayojulikana. Kwa Thracia 776, ambayo haijawahi kuuzwa kwa Kiingereza, au kwa sehemu mbili za Shining Force III, hakuna soko la kuharibu. Maombi ya ruhusa kama hiyo hupitiwa kila baada ya miaka 3, na waombaji wakirudi wangefanya vyema kuanza na gemu hizo, moja moja kwa jina, kuliko kutetea gemu zote kwa mkupuo.