Historia ya Shieldsville na Mwanzilishi Wake, Jenerali James Shields

Shieldsville ni kijiji kidogo cha kaunti ya Rice, kusini mwa jimbo la Minnesota nchini Marekani, kando ya ziwa liitwalo Mazaska, na kimechukua jina la mtu aliyekianzisha mwaka 1855, Jenerali James Shields. Habari za mtu huyu kwa kawaida huwekwa katika mlango wa vita au wa siasa, kwa kuwa hakuna mwingine katika historia ya nchi hiyo aliyepata kuwa seneta, yaani mjumbe wa baraza la juu la bunge la taifa, kwa niaba ya majimbo matatu. Hata hivyo, uzi unaounganisha vipande vya maisha yake ni ardhi: jinsi ilivyotwaliwa, ilivyopimwa na kuuzwa, na jinsi wahamiaji maskini kutoka Ireland walivyojipatia sehemu yao, na bila kuufuata uzi huo historia ya kijiji chenyewe haieleweki.

Shields alizaliwa mwanzoni mwa karne ya 19 mahali paitwapo Altmore, katika kaunti ya Tyrone kaskazini mwa Ireland, akiwa mtoto wa familia ya Kikatoliki wakati ambapo sheria za Uingereza ziliwazuia Wakatoliki kuketi bungeni, kizuizi ambacho hakikuondolewa hadi mwaka 1829. Alivuka bahari angali kijana, akatua Kaskaskia, mji wa kale wa Illinois ulioanzishwa na Wafaransa karibu na mto Mississippi, akafundisha shule, akasoma sheria, na mwaka 1836 akachaguliwa kuingia katika bunge la jimbo. Baadaye alikabidhiwa usimamizi wa hesabu za jimbo, na mwaka 1842, noti za benki ya Illinois zilipoporomoka thamani, ofisi yake ilikataza noti hizo zisipokelewe kama malipo ya kodi, jambo lililowachoma wakulima ambao hawakuwa na fedha nyingine. Gazeti la Springfield lilichapisha barua za kumdhihaki, na wakili Abraham Lincoln, aliyekuja kuwa rais, akakiri kuwa mwandishi. Shields akamtaka wapigane wao wawili mbele ya mashahidi, kama ilivyokuwa desturi ya kutetea heshima. Walikutana tarehe 22 Septemba 1842 kwenye kisiwa cha Mississippi, nje ya mkono wa sheria za Illinois, Lincoln akiwa amechagua panga za askari wa farasi, silaha iliyompa nafuu mtu mwenye mikono mirefu kama yake, lakini marafiki wakawapatanisha kabla damu haijamwagika. Kisa hiki kimepewa nafasi kubwa mno katika maandishi juu ya Shields, na kimefunika kazi yake iliyoacha alama za kudumu zaidi.

Kazi hiyo ilianza mwaka 1845, Rais James Polk alipomteua kuwa mkuu wa Ofisi Kuu ya Ardhi mjini Washington, idara iliyosimamia upimaji na uuzaji wa ardhi yote ya serikali ya taifa. Kwa utaratibu uliowekwa tangu mwaka 1785, nchi iligawanywa katika miraba yenye maili 6 kila upande, na kila mraba ukakatwa vipande 36 vya maili moja kwa maili moja, yaani ekari 640, ambavyo viligawika tena katika robo za ekari 160. Wapimaji walitembea kwa miguu wakiburuta mnyororo wa chuma wenye urefu wa futi 66, minyororo 80 ikifanya maili moja, na kwenye kila pembe walisimika kigingi au jiwe, kisha wakachonga alama kwenye miti ya karibu ili iwe shahidi wa mpaka kigingi kikioza. Sheria ya mwaka 1841 ilimruhusu mtu aliyekwisha kuhamia kwenye kipande cha serikali akajenga na kulima, akinunue kabla ya mnada kwa dola 1.25 kwa ekari, kisizidi ekari 160. Mtu aliyeongoza ofisi hiyo alijua mambo ambayo mhamiaji wa kawaida hakuyajua: ramani zilikofika na hati zilivyopatikana.

Vita dhidi ya Meksiko vilipoanza mwaka 1846 aliiacha ofisi, akafanywa brigedia jenerali, cheo cha kuongoza kikosi cha rejimenti kadhaa. Katika mapigano ya Cerro Gordo, Aprili 1847, risasi ya mzinga ilimpenya kifuani ikatokea mgongoni, na wanaoandika maisha yake husimulia kwamba daktari aliisafisha njia ya jeraha kwa kupitisha kitambaa cha hariri kutoka upande mmoja hadi mwingine. Ajabu ni kwamba alipona, na mwezi Septemba mwaka huohuo alikuwa Chapultepec, kwenye lango la jiji la Meksiko, alipojeruhiwa tena mkononi. Sheria ya mwaka 1847 iliwapa askari wa vita hivyo hati za kudai ekari 160 za ardhi ya serikali, kwa hiyo vita na ardhi vilikutana katika karatasi moja.

Sifa za vita zilimpeleka Seneti mwaka 1849, ila uchaguzi ulibatilishwa kwa sababu katiba inataka seneta awe raia kwa miaka 9, naye aliandikishwa uraia Oktoba 1840. Ikambidi angoje miaka hiyo itimie, akachaguliwa tena kwa Illinois, akatumikia hadi mwaka 1855 aliposhindwa na Lyman Trumbull. Hapo ndipo alipoelekea Minnesota.

Nchi aliyoiendea haikuwa tupu. Bonde la mto Cannon lilikuwa makazi na mawindo ya Wawapekute, tawi la watu wa Dakota, ambao pamoja na ndugu zao walisainishwa mikataba ya Traverse des Sioux na Mendota mwaka 1851, wakapoteza ekari zipatazo milioni 24, na sehemu ya malipo yao ikachukuliwa na wafanyabiashara waliodai madeni. Ni mikataba hiyo iliyowafungulia njia wapimaji na minyororo yao, na dhuluma hiyo ni sehemu ya msingi wa kijiji sawa na bidii ya waliokijenga. Shields alishirikiana kwanza na Alexander Faribault, mfanyabiashara aliyekuwa na damu ya Kidakota, katika kuanzisha mji wa Faribault, kisha akapanga kijiji chake mwenyewe magharibi yake, akawaita Waairishi Wakatoliki waliokuwa wakibanana katika miji ya mashariki baada ya njaa kubwa iliyoanza kwao mwaka 1845. Walikuja, wakakata miti ya Msitu Mkubwa, kama ulivyoitwa, wakajenga kanisa la Mtakatifu Patrick, na maeneo ya jirani wakayapa majina ya kwao, kama Erin na Kilkenny. Idadi ya watu wa Minnesota nzima ilipanda kutoka 6,077 mwaka 1850 hadi 172,023 mwaka 1860, lakini katikati ya ongezeko hilo mtikisiko wa fedha wa mwaka 1857 uliwafilisi wauzaji wengi wa viwanja, na walowezi wa msituni wakaishi kwa kuchimba mizizi ya jinsengi iliyouzwa hadi China.

Shields mwenyewe hakukaa. Minnesota ilipokubaliwa kuwa jimbo mwaka 1858 ilimtuma Seneti, lakini kura ilimpa kipindi kifupi kilichokwisha Machi 1859, naye akahamia California. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilimrudisha jeshini. Huko Kernstown, Virginia, Machi 1862, alivunjwa mkono na kipande cha kombora siku moja kabla ya askari wake, chini ya Kanali Nathan Kimball, kumshinda Stonewall Jackson, jenerali wa upande wa Kusini, lakini mwezi Juni vikosi vyake vilishindwa na Jackson huyohuyo Port Republic, na mwaka 1863 akajiuzulu. Mwezi Agosti 1862 vita vilikuwa vimelipuka Minnesota kwenyewe, Wadakota wakichoshwa na njaa na malipo yaliyocheleweshwa. Tarehe 26 Desemba wanaume wao 38 walinyongwa mjini Mankato, na wengi wa waliobaki wakafukuzwa jimboni mwaka uliofuata, ingawa Faribault aliwahifadhi baadhi yao kwenye ardhi yake.

Mwaka 1866 Shields alihamia shambani karibu na Carrollton, Missouri, na jimbo hilo likampa useneta wa wiki chache mwanzoni mwa mwaka 1879, kumalizia kipindi cha seneta aliyefariki. Alikufa tarehe 1 Juni mwaka huo mjini Ottumwa, Iowa, akazikwa Carrollton. Illinois ilisimamisha sanamu yake katika jengo la bunge la taifa mwaka 1893, na Minnesota ikasimamisha yake Saint Paul mwaka 1914. Faribault ukawa mji mkuu wa kaunti ya Rice. Shieldsville haikuandikishwa kuwa mji wenye baraza lake, ikabaki kijiji cha wakulima na parokia ya Mtakatifu Patrick.